Karatasi za Berke Mchota Maji

Katika mji wetu mdogo wa Lithuania, kila mtu alijua kwamba Hinde ndiye anayeuza samaki wa chumvi na mumewe Zundl ndiye anayekula vitabu.

Zundl alikuwa mwanachuoni wa kweli, si wale wa kukunja uso mbele za watu. Mchana alifundisha Torati, na muda uliobaki aliumalizia kwenye kitabu kimoja: maelezo ya sala za kila siku, kwa Kiebrania chepesi, ili hata mtu asiye na elimu kubwa ajue anamwambia nini Mungu. Kitabu hicho kilimzeesha. Nakala ilikuwa moja tu, na iliishi ndani ya gunia chini ya kitanda, kando ya gunia jingine la vitabu vya sala vilivyochakaa.

Wiki ya kufanya usafi wa Pasaka, Todres, mtumishi wa sinagogi, alipita nyumba kwa nyumba kukusanya karatasi takatifu zilizochakaa. Kwetu Wayahudi karatasi yenye jina la Mungu haitupwi wala haichomwi. Huzikwa kama mtu.

“Mama Hinde, una maiti humu ndani?” Todres alitania mlangoni.

“Ninaye mmoja, ila bado anakula,” Hinde akajibu, akavuta gunia chini ya kitanda, akampa.

Siku hiyo hiyo alifariki Berke mchota maji, mzee asiye na mke wala mtoto. Miaka yote alisimama nyuma kabisa sinagogini, akiitikia amina kwa maneno asiyoyaelewa. Watu walitaka kumfukia haraka warudi kwenye mafagio yao. Zundl alikasirika. Akaagiza Berke apewe heshima wanayopewa wanachuoni: karatasi za Todres zilazwe naye kaburini. Kisha akashika sepetu mwenyewe, akafukia mpaka viganja vikachubuka.

Jioni alipiga magoti, akavuta gunia lililobaki chini ya kitanda. Ndani mlikuwa na vitabu vya sala vilivyochanika. Hinde alielewa kabla mumewe hajageuka.

“Zundl, nimekuua,” alisema. “Nimekuzika mzimamzima.”

Alikimbia kwa rabi wa mji bila hata kuvua aproni yenye magamba ya samaki. Rabi alifikiri sana, akasema kosa ni kosa, kaburi lingeweza kufunguliwa. Todres akaja na sepetu. Zundl akawazuia mlangoni.

“Acheni. Maisha yake yote tulimwamsha alfajiri: ‘Berke, maji! Berke, maji!’ Leo tena nimwamshe kwa ajili ya karatasi zangu?”

“Lakini ni kitabu chako, mwalimu!” Todres akasema.

“Nilikuwa namwandikia nani, kama si yeye?”

Zundl alisema hivyo kishujaa, kisha akaingia ndani akalia kama mtoto, na Hinde akalia naye. Ni wangapi kati yetu wangeweza? Wengi tungekuwa tumeshafika makaburini na taa.

Pasaka ilipopita Zundl alianza kukiandika upya. Kila aya alimsimulia kwanza Hinde, kwa lugha ya nyumbani, huku mke akipanga samaki kwenye pipa. Hinde akikunja uso, Zundl alifuta. Kitabu cha pili kikawa chembamba kuliko cha kwanza, na tangu hapo Hinde hakugusa karatasi yoyote bila kuuliza, “Zundl, hii hai au imekufa?”

Kilipochapwa, wachota maji walichangishana wakanunua kimoja. Mwenzao aliyejua kusoma aliwasomea kila baada ya sala ya jioni, mwaka hadi mwaka.

Zundl alipofariki, walikuja wote, wamevua kofia zao za kazi na kuvaa za Sabato. Mkubwa wao alitoa kitu kilichofungwa kwa kitambaa: kitabu kile, kurasa zimelegea, pembe zimelika kwa vidole vyenye maji.

Hinde alikitazama. Akauliza kama kawaida yake.

“Hiki hai au kimekufa?”

“Kimekufa, mama. Tumekisoma mpaka kimekufa.”

Hinde akakibusu, akampa Todres akilaze kifuani pa mumewe.