Sanduku Tupu la Mwakilishi Ameir

Ameir Faki alizaliwa Pemba, mtoto wa mkulima wa karafuu, lakini uwakili wake wote aliufanyia London, katika ofisi iliyokuwa juu ya saluni ya nywele pale Peckham. Ni mume wa dada yangu Zainab. Mengi ya haya nimeyaona mwenyewe.

Wateja wake walikuwa watu wa kuomba makaazi: Wazanzibari, Wakongo, Wasomali. Ni mrefu kupita kiasi, na kwenye ngazi za ofisi ile alikuwa akiinama kama anayeingia pangoni. Alimsikiliza mtu mpaka amalize. Mawakili wachache hufanya hivyo.

Baba yake alipofariki, alikwenda Pemba kwa nia ya kuzika na kurudi. Hakurudi. Aliikuta mikarafuu ya mzee imezongwa na magugu, akaazima panga, na asubuhi ya pili akalitafuta lile panga tena. Ofisi aliifunga mwaka huohuo. Zainab alibaki huku kwa kazi yake ya kuuguza wazee na kwa shule ya binti yao, Hayat, na Ameir akawa anakuja kila majira ya joto, viganja vyake vigumu kama gome.

Wanakijiji walimcheka mwanzoni. "Wakili, mkarafuu haukatiwi rufaa!" Lakini aliwasomea hati zao bila kudai kitu, na uchaguzi ulipofika wao ndio waliomsukuma. Akaingia Baraza la Wawakilishi. Msimu wa kuchuma alikwea mikarafuu yake mwenyewe, uheshimiwa akauacha chini pamoja na viatu.

Kisha likauzwa shamba la wakfu la kijiji chao, pamoja na makaburi yaliyomo. Aliyetia saini ya kuuza anaishi London, na tunasali naye msikiti mmoja. Ameir alipokuja mwaka huu alihakikisha jambo hilo, na kwenye khitma moja, mbele ya watu, akasema, "Baraza likikaa, nitasimama nimtaje." Watu waliendelea kula, wameinamia sahani zao.

Kwetu, anayekwenda nyumbani hasafiri na vyake tu. Wiki ya mwisho mlango haufungwi: dawa za presha za mama wa huyu, viatu vya watoto wa yule. Mie ndiye mpimaji, nina mizani ya kuning'iniza, na kila mwaka tuligombana na watu tukirudisha vilivyozidi. Mwaka huu sanduku lilikaa wazi sebuleni, tupu.

"Pengine hawajui kama nasafiri," alisema Ameir.

"Wanajua," Zainab akamjibu. "Nimemkuta Bi Najla, ambaye kila mwaka hukupa wewe, mgahawani Edgware Road, anamkabidhi mzigo mtu anayeondoka baada yako. Aliponiona akautia chini ya meza."

"Kasahau tu, mtu mzima yule."

"Hakusahau. Mtu hampi mzigo wake asiyemtarajia kufika, Ameir."

Jumamosi mchana mlango uligongwa. Alikuwa mwanamume wa makamo, koti zuri, lafudhi ya Kipemba, na hakuna kati yetu aliyemjua.

"Asalamu alaykum, Mheshimiwa. Nasikia una nafasi." Akanyoosha kiboksi kilichozungushiwa utepe wa gundi.

"Nimpe nani?"

"Mwenyewe utamjua ukifika."

Alikaribishwa chai, akakataa, akashuka ngazi bila haraka.

Ameir alikitia sandukuni. Kwetu kufungua mzigo wa mtu ni tusi, na yeye, aliyekuwa akiwaonya wateja wasibebe wasichokiona kikifungwa, alishindwa na adabu za mama yake. Zainab akaja na kisu.

"Zainab, hiyo amana ya mtu!"

"Amana ina mwenyewe. Hii mwenyewe nani?"

Ndani mlikuwa na mapande matatu ya bafta nyeupe, pamba, na kichupa cha kafuri. Sanda. Harufu ya kafuri ikajaa sebule.

Ameir ndiye aliyesema wa kwanza. "Basi angalau mmoja kanipa mzigo." Akanigeukia. "Tena wamepata hasara, shemegi. Mie sanda ya dukani hainitoshi."

Zainab huosha na kukafini maiti wa kike msikitini, kwa hiyo kitambaa hicho anakijua. Alimsimamisha mumewe ukutani, akaniambia nishike upande wa miguuni. Bafta ilipita utosi kwa shibiri moja, ikapita nyayo kwa shibiri moja, ndiyo kiasi cha kufungia.

"Hii imekatwa kwa kimo chako," alisema. "Aliyeikata amepata kusimama karibu nawe."

Hayat alikuwa mlangoni. Aliuliza kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kama baba bado anakwenda.

"Bibi yangu amezikwa shambani mle," alisema Ameir, akalifunga sanduku. Sanda alitaka kuibeba akaionyeshe Barazani. Zainab akamkatalia. "Hii inabaki kwangu. Anayeitaka aje anikabili mie."

Nilimbebea sanduku mpaka kituo cha treni kwa kidole kimoja. Alipiga simu alipofika: karafuu zinachumwa, Baraza linakaa Jumatano ijayo.

Leo Ijumaa nimesali. Yule bwana wa saini alikuwa safu yangu, bega kwa bega. Tulipotoa salamu akanipa mkono.

"Shemegi yako keshafika salama?"

"Kafika."

"Alhamdulillahi," akasema. Hakuniachia mkono. Alinitazama kuanzia utosini, taratibu, mpaka miguuni.