Mama Silva na Kadi Kumi na Moja

Kwenye gereji yetu hakuna anayemwita kwa jina lake. Ni Mama Silva, kuanzia kwa mlinzi wa getini mpaka kwa mteja anayekuja mara ya kwanza. Kuna bwana mmoja, mtu wa adabu zake, ambaye kila akileta gari humwuliza kwanza, "Silva hajambo?" Naye hujibu, "Hajambo, yule pale anakauka." Ilimchukua yule bwana miaka mitatu kujua kwamba Silva si mtoto aliyetoka kuoga. Ni rangi ya gari, ile ya fedha.

Mimi ni fundi bodi. Kazi yangu ni kunyoosha bati lililobonyea, kulijaza puti na kulipiga msasa mpaka kiganja kipite bila kukwama. Nikimaliza, gari linasogezwa hatua kumi, linaingia kwa Mama Silva, ambaye ni dada mkubwa wa mke wangu. Kwa hiyo namjua pande zote mbili. Nyumbani ni shemeji, kazini ndiye anayesitiri makosa yangu au kuyaanika. Miaka kumi na tisa tumetenganishwa na pazia la nailoni tu, na mengi nitakayosimulia nimeyaona kwa macho yangu. Mengine kaniambia mke wangu, ambaye siri kwake ni mzigo wa kuutua haraka.

Hakuanzia gereji. Alikuwa akisimama kaunta kwenye duka la vifaa vya ujenzi, anachanganya rangi za nyumba. Mafundi wa magari walikuwa wakinunua kwake rangi ya silva, halafu kesho yake wanalirudisha kopo wakidai ana mkono mbaya. Siku moja akachoka kulaumiwa. Saa ya chakula akalibeba kopo lililorudishwa, akaja nalo hapa, akasimama mbele ya fundi rangi wa wakati ule, mzee mkali ambaye alikuwa hasemi na mtu kabla hajashiba.

"Nionyeshe kosa langu," akamwambia.

Mzee akachukua kipande cha bati, akakipiga rangi ile ile kwa bomba lile lile la kupulizia. Nusu ya kwanza akapiga karibu karibu, rangi ikaloa. Nusu ya pili akarudisha bomba nyuma, rangi ikatua kama vumbi. Ilipokauka ungeapa ni makopo mawili: huku imefifia na kuwa nzito, huku inameremeta. Mzee akamweleza kwamba ndani ya silva mna chembe za alumini, laini kama unga, na jinsi zinavyolala ndivyo mwanga unavyorudi.

"Nyeupe inakusamehe," mzee alimwambia. "Nyeusi inakusema usoni. Lakini silva, mwanangu, inakusengenya. Ukisimama mbele yake inakuchekea. Ukipita pembeni inamwambia kila mtu ulichofanya."

Mwezi haukuisha, akaacha kaunta. Mama mkwe wangu alilia kama aliyefiwa. Binti ana kazi ya kivulini, yenye kiti, anakwenda kuvaa ovaroli na kunuka tina ya kuzimulia rangi! Mzee mwenyewe hakumwamini mwaka mzima. Mwaka wa pili akaanza kumwachia milango, wa tatu mabampa, na siku alipostaafu alimkabidhi bomba lake mbele yetu sote, akaondoka bila hotuba.

Basi akawa yeye. Nimewaona mafundi wengi wa rangi, na sijaona mwingine mwenye subira yake. Hakubali kulipiga gari kabla hajapiga kadi. Anapima rangi kwenye mizani tone kwa tone, anapulizia kadi ndogo ya bati, anaiacha ikauke, anaipaka juu yake klia, ule ung'aro usio na rangi, kisha anaibandika ubavuni mwa gari. Anatazama kwa mbele. Anachuchumaa, anatazama kwa pembeni. Analitoa gari juani, analirudisha kivulini. Ikipungua kitu, anaanza upya. Gari moja laweza kula kadi tano. Iliyoshinda huandikwa nyuma tarehe, namba ya gari na vipimo vyote, ikaingia kwenye kopo la biskuti. Halafu hapaki mlango ulioumia peke yake. Rangi huipeleka mpaka kwa jirani, akiipunguza kidogo kidogo, "ifie njiani," asemavyo yeye, jicho lisipate pa kushika.

Mwaka juzi niliona kitu. Gari la mwalimu wa udereva lilikuwa limetoka kwake, limepakwa bampa la nyuma. Asubuhi nikipita na chai yangu, nikaliona lile bampa lina ubluu kidogo, kama maziwa yaliyotiwa maji. Nikajiambia ni kivuli cha ukuta. Baada ya wiki kadhaa nikaliona gari jingine vile vile. Na jingine.

Nikanyamaza. Sitajitetea. Nilijiambia mimi mtu wa nyundo ni nani hata nimfundishe rangi mtu ambaye rangi imempa jina. Nikajiambia tena kwamba ni shemeji yangu, na maneno ya gereji yakifika nyumbani hayaishi. Hiyo niliiita heshima.

Aliyesema alikuwa mkunga. Geti la hospitali anakofanya kazi lilikuwa limeusukuma ubavu wa gari lake, mlango wa nyuma. Nikaunyoosha, shemeji akaupaka, mkunga akalichukua gari jioni akishukuru. Siku ya nne akarudi, saa nne asubuhi, bado amevaa viatu vyake vyeupe vya kazini.

"Dada, kazi ni safi, sina ugomvi," alimwambia. "Lakini njoo usimame hapa nami. Unaona nini?"

"Naona mlango," shemeji akasema.

"Mimi naona miwili. Huu wa mbele una ujoto fulani. Huu wa nyuma umepoa. Usinichukie, dada. Kila asubuhi kazi yangu ni kuwatazama watoto wachanga kama wameingia manjano. Mimi na manjano tunajuana hata ikinong'ona."

Mama Silva akachuchumaa, akatazama kwa pembeni. Akazunguka upande wa pili. Akaenda kuleta kadi, akaibandika mlango wa mbele, akaibandika wa nyuma. Nilikuwa nimesimama na nyundo mkononi. Fundi mwingine angesema ni jua, au gari limezeeka, au klia haijakomaa. Visingizio vya rangi havina idadi.

"Mimi sioni," alisema mwishowe. "Lakini wewe huna sababu ya kunidanganya."

Mkunga akamshika kidevu kama anavyoshikwa mtoto, akamgeuzia uso kwenye mwanga.

"Hapa katikati ya jicho pana ukungu," akasema. "Na huku pia. Dada, una mtoto wa jicho. Mimi nimezalisha wengi, lakini huyu si wa kwangu. Nenda kwa daktari wa macho."

"Na wakiniambia kazi basi?"

"Mficha uchi hazai," mkunga akamjibu. "Nenda."

Shemeji alilisafisha bomba lake, akalining'iniza, akaketi juu ya kopo la rangi tupu. Katika miaka yote ile sikuwa nimewahi kumwona ameketi kabla ya saa sita.

Daktari akasema macho yote mawili, waanze na la kulia. Upasuaji wenyewe haukuchukua hata muda wa kuchemsha maharage. Walipolifungua jicho siku ya pili, mke wangu ndiye aliyemrudisha nyumbani. Anasema dada yake alisimama mbele ya sinki, akafunika jicho moja, akafunika jingine, akarudia tena na tena, mkononi ameshika kikombe cheupe.

"Kwa jicho hili ni cheupe," alisema. "Kwa hili ni kama nakitazama kupitia glasi ya chai." Akacheka. Kisha kicheko kikakatika, akakaa chini polepole. Alikuwa amekwisha kuelewa.

Alitakiwa apumzike majuma kadhaa. Siku ya nne akatokea gereji na miwani myeusi. "Sikuja kufanya kazi," alisema kabla hatujamuuliza. "Naomba kopo langu."

Akazipanga kadi za miaka minne mezani kibarazani, mahali ambapo mwanga ni mtulivu. Akavua miwani. Akaanza kuzipitia kwa mpangilio wa tarehe: hii nzuri, hii nzuri, hii nzuri. Mkono ukasimama. Akaiinua moja, akaitenga. Akaitenga nyingine. Kufika mwisho, zilikuwa kumi na moja, na hata mimi niliona zilivyokuwa za bluu zikiwa pamoja.

Akanieleza taratibu, kana kwamba anajieleza mwenyewe. Jicho liliingia manjano kidogo kidogo. Kila mchanganyiko ukawa unamwonekea wa manjano, basi anaongeza tone la bluu kusahihisha. Na kwa kuwa jicho lilikuwa limepoteza uwezo wa kutenganisha vitu vidogo kama hivyo, kadi na gari vilimwonekea sawasawa.

Kisha akaniuliza bila kunitazama. "Shemeji. Wewe ulikuwa unaona?"

Ningeweza kusema hapana. "Nilikuwa naona," nikasema. "Tangu lile bampa la mwalimu wa udereva."

Alizisawazisha zile kadi kumi na moja kwa kidole mpaka zikakaa mstari mmoja. "Siku nyundo yako itakapopinda," akasema, "nitakuambia siku hiyo hiyo." Siku mbili nzima hakuniita shemeji. Aliniita fundi, tena kwa upole, na upole ule ulinichoma kuliko tusi.

Bosi wetu si mtu mbaya, ila anapenda mambo yaliyolala yaendelee kulala. "Katika hao kumi na mmoja amelalamika mmoja tu," alimwambia. "Kwa nini umwamshe aliyelala?"

"Kwa sababu mimi nimeamka," Mama Silva akasema. "Rangi nitaleta mwenyewe. Wewe nipe nafasi Jumapili."

Akawapigia wenye magari simu, mmoja mmoja. Nilikaa karibu nikamsikia. Hakuzunguka mbuyu: "Nilikukosea rangi ya gari lako. Macho yalikuwa yananidanganya, sasa yametengenezwa. Naomba uniletee nilirekebishe." Wengine walidhani ni utapeli. Mmoja alimwambia hajaona tofauti yoyote, akamjibu, "Ukishaoneshwa utaiona kila siku, na hutanipenda. Afadhali ulete sasa." Mwalimu wa udereva alicheka mpaka akakohoa. Wanafunzi wake, alisema, wanaligonga lile bampa kila wiki, na rangi ya bluu ndiyo shida ndogo kuliko zote. Hata hivyo akalileta.

La kwanza lilikuwa la mkunga. Daktari alikuwa ameshamruhusu, na siku hiyo kwa mara ya kwanza aliniita niingie ndani ya pazia. "Uje na macho," alisema, "nyundo iache."

Alipiga kadi sita. Bluu aliitoa yote, akaongeza manjano, lakini tone zima lilikuwa kubwa mno, kwa hiyo alichovya ncha ya njiti na kuikung'utia koponi. Kila kadi ikikauka ananiuliza, "Eti?" Nami nasema bado. Tulipofika kadi ya tano niliogopa kumchosha, nikataka kusema tayari. Akanitazama tu. Nikasema bado.

Kadi ya sita ilipobandikwa mlangoni, sikuona inapoanzia.

Ndipo akavaa barakoa, akainua bomba. Alitembea kando ya gari kama mtu aliyebeba ndoo ya maji kichwani, kiwiliwili hakitikisiki, ni mkono tu unaokwenda, umbali ule ule kutoka mlangoni mwanzo hadi mwisho. Tabaka tatu nyepesi. Kisha moja ya mwisho kutoka mbali, ili chembe zilale zinavyotaka zenyewe. Rangi akaipeleka mlango wa mbele, akaipeleka nyuma mpaka karibu na taa, ikafia njiani. Klia akaivika ubavu mzima.

Mkunga alipokuja alilizunguka gari mara mbili. Akasimama pale pale aliposimama siku ile, akainamisha kichwa, akachuchumaa.

"Ulikuwa mlango gani?" akauliza.

Shemeji alikuwa amegeuka, anajifanya anatafuta kitambaa.

Mengine yalichukua Jumapili za miezi saba, katikati yake akarudi hospitali kwa jicho la pili. Magari kumi yalitengenezwa. La kumi na moja lilikuwa limeuzwa, mwenye nalo mpya anaishi mbali. Akamwandikia barua, ndani yake akatia kadi mpya na vipimo vyake, ili fundi yeyote wa huko aweze kurekebisha. Hajajibiwa mpaka leo. Nikimwambia huenda barua ilipotea, husema huenda, naye atamwandikia nyingine.

Sasa pana utaratibu ambao bosi aliutundika ukutani kama ameubuni yeye: hakuna kadi inayoingia kwenye kopo kabla macho ya mtu wa pili hayajaipitisha, na huyo wa pili atie sahihi nyuma. Mara nyingi ni mimi. Juzi lilikuja gari lililokwaruzwa na ngazi ya mpaka rangi wa nyumba, akanipa kadi ya tatu, kwangu ikawa bado. Akaichukua, akarudi kwenye mizani, akaanza kupima upya.