Saa themanini za penisilini

Nikiwa mtoto, sindano moja ya penisilini ilinivimbisha koo nusura nife. Wakwe zangu wa Rubondo, makazi ya wakimbizi karibu na Mbarara, wafugaji waliotoka Kivu Kusini, hawakujua hilo nilipokwenda kuwasalimu mara ya kwanza. Mama mkwe alikuwa ameshanipa kikombe cha maziwa ya kuganda, ndipo baba mkwe akasema, "Ng'ombe wa hayo maziwa alitutisha. Jumanne saa mbili ya asubui tulimupiga penisilini, sasa amepona."

Nikakishika kikombe bila kunywa. Mke mpya kurudisha maziwa ni kuutukana ukoo mzima, na mimi mjinga niliona haya kuliko nilivyoogopa kufa. Nikakimbilia hesabu, ninayofundisha Mbarara. Tuseme dawa hupungua nusu kila baada ya saa nane, na nataka ibaki sehemu moja ya elfu. Logi ya elfu ni tatu; gawanya kwa logi ya mbili, 0.301, unapata karibu kumi. Kumi mara nane, saa themanini. Na ile ilikuwa Ijumaa, saa kumi jioni: themanini kamili! Nikanywa yote.

"Umeyapenda!" mama mkwe akacheka. "Tuliyakamua Jumatano asubui. Tangu siku ile yako mu kibuyu."

Jumatano asubuhi. Saa ishirini na nne tu baada ya sindano. Dawa hupungua ndani ya ng'ombe. Ndani ya kibuyu imekaa tu. Nilikuwa nimemeza sehemu moja ya nane ya dawa, si moja ya elfu, na mama mkwe alikuwa ananimiminia kikombe cha pili.