Siku Niliyofunika Maji ya Susu

Kwaru, kwaru, kwaru. Hiyo ni sauti ya kata ya kibuyu ikikwangua mchanga chini ya kisima. Nikiisikia popote mpaka leo, nageuka kutazama ni nani. Utasema mimi ni mtu wa kuotaota, na kweli kwetu Nunguni wananijua hivyo, lakini hili sikuliota. Nilikuwa nimesimama wima, jua liko utosini, na punda wa mjomba kando yangu akitafuna kamba.

Ilikuwa miaka ya themanini, mwaka ambao mito ilikauka mapema. Nilikuwa nimemaliza darasa la saba nikakaa tu nyumbani, basi mama akanituma upande wa Migwani nikamtunze susu, ndivyo sisi tunavyomwita nyanya.

Susu alikuwa na elimu yake ambayo haiko kwa vitabu. Yeye na akina mama wachache wa rika lake waliiita kuteka. Walisema akili haifungiwi kichwani. Inatoka kama mtu anayeenda kuteka maji, inaweza kwenda jana, inaweza kwenda kesho, ikipata inachotaka inarudi nacho.

"Jana haijaenda popote," aliniambia siku moja tukichambua ndengu. "Iko palepale. Ni sisi tuliohama."

Nikamuuliza kama kesho nayo iko, aniangalizie bwana yangu anafanana aje. Akasema ameshamwona, ana masikio makubwa. Tulicheka mpaka ndengu zikamwagika.

Sharti lilikuwa moja. Mtu akienda kuteka, mwili unabaki umekaa, macho wazi, hasikii. Unamwekea kibuyu cha maji karibu na magoti, mdomo wa kibuyu ukiwa wazi. Akili hurudi na kiu, na maji yaliyo wazi ndiyo yanayoiambia kwamba hapa ni kwao, inangojewa.

Jumatatu moja nikamkuta ameegemea ukuta, uzi wa kiondo, kikapu alichokuwa akisuka, bado mkononi. Ameenda kuteka. Nikaweka kibuyu. Nzi wakaja. Na mimi, wacha nikwambie ukweli, shuleni nilikuwa hodari wa somo la afya: maji ya kunywa hufunikwa. Nikachukua kifuniko cha sufuria nikafunika, na moyoni nikajisifu.

Siku ya kwanza ikapita, ya pili ikapita. Ya tatu midomo yake ilikuwa imepasuka kama tope la bwawa lililokauka. Nikimpa maji kwa kijiko yanateremkia kidevuni. Mjomba Mutua, mwanawe, ni mzee wa kanisa na hakutaka kusikia habari za kuteka. Akaenda kwenye soko liitwalo Tulia kutafuta gari la kumpeleka hospitali, na kutuma watu wawaambie ndugu waje wamwone angali anapumua. Nililia sana. Lakini hata anayelia hutumia maji, basi nikamwomba jirani akae naye, nikaenda mtoni.

Ndipo nikasikia kwaru, kwaru. Ndani ya kisima chetu, shimo tulilochimba kwenye mchanga wa mto, kulikuwa na msichana wa miaka kama kumi, amefunga kitambaa begani, nguo niliyoijua kwa hadithi tu. Mkono wake wa kushoto ulikuwa na kidonda kibichi, kimejikunja kama ndoano, kimepakwa jivu. Niamini, nilikijua. Kovu lake nilikuwa nimelipaka mafuta asubuhi ileile, mkononi mwa susu.

Wewe ungefanya nini? Ungekimbia? Mimi nilishika kamba ya punda.

"Mtoto wangu," akaniambia, huyo mtoto mdogo, "kwa kina Mutua ni wapi?"

Nikamwonyesha kwa kidole.

"Hapo nimefika mara tatu. Nimepata maji yamefunikwa. Kwetu hatumfunikii mtu aliyetoka. Nikajua nimepotea."

Midomo yake ilikuwa imepasuka vilevile. Uoga ukaniisha, ikabaki huruma.

"Ni mimi niliyefunika, susu. Nisamehe. Ni nzi."

"Kwani nzi hawasikii kiu?" akasema, akainama kukwangua tena.

Nikaacha punda, nikaacha mitungi, nikakimbia. Nikaondoa kile kifuniko. Sijavuta pumzi kumi, vidole vya susu vikasogea. Akakishika kibuyu kwa mikono miwili, akanywa mpaka tone la mwisho. Kisha akaniuliza punda yuko wapi.

Mjomba aliporudi na gari, dereva akauliza mgonjwa ni nani, maana susu alikuwa anakunywa uji. Mjomba akamshukuru Mungu. Nami nikamshukuru, sioni ugomvi hapo.

Jioni nikamuuliza alikuwa amefuata nini.

"Mama yangu alikufa nikiwa na kidonda hiki," akasema. "Sura yake ilikuwa imenipotea. Nimeenda kuichukua." Akanishika kidevu. "Ana meno yako."

Baada ya hapo aliishi miaka sita, na hakuwahi kunilaumu. Mimi ndiye bado ninashtuka usiku nikiwaza zile mara tatu alizofika mlangoni akarudi. Na kijana aliyekuja kwetu baadaye kuniposa, masikio yake... tuyaache hayo.

Wewe unayesoma, ukiwa na mzee anayekaa kimya akitazama ukuta, usiseme ameisha. Hospitali mpeleke, ndiyo. Lakini huenda yuko njiani anarudi, na anatafuta alama ya kwao. Usiwe wewe wa kuificha.

Tulimzika susu mwezi wa nane. Watu walipoenda kunywa chai niliingia nyumbani mwake peke yangu. Mtu mwenye roho safi alikuwa amefagia na kufunika kila chombo. Nikajaza kibuyu, nikakiweka pale alipozoea kuegemea, nikakiacha wazi. Kifuniko nilitoka nacho, nimekificha ndani ya leso niliyojifunga.