Nusu Yangu ya Ada

Jumatano. Ukungu umelala juu ya mlima Shengena tangu jana, na manyunyu hayakatiki.

Mwanangu, shule yangu ilikuwa fupi, labda sitaeleza vizuri. Lakini naikumbuka siku moja ya miaka ya Ujamaa, niliposimama mahakamani Same, mjane kijana, nikigombea shamba na shemeji yangu Nathanaeli. Kila mmoja alisema mpaka ni wake. Hakimu akaamua kumtuma kamishna, yaani mtu wa kupanda hadi kwetu Chome kwa niaba ya mahakama, apime na kuleta taarifa.

Kamishna akataja ada yake. Kwa ada ile ningeuza ng'ombe wangu wa pekee, na nisipotoa, shamba halipimwi, shemeji anaendelea kulima.

Nathanaeli akasimama. "Ndugu Hakimu, huyu ni mke wa marehemu kaka yangu. Nitalipa yote mimi."

Watu wakaitikia kwa vichwa. Kwetu shemeji kumlipia mjane ni heshima, na kumkatalia hadharani ni kumwaibisha. Wala sisemi alikuwa na hila. Pengine alinihurumia kweli. Nikasema hata hivyo:

"Shemeji, ahsante. Ila akipanda kwa hela yako, nitaiaminije taarifa yake? Nami nikimlipa peke yangu, wewe utaiamini?"

Mzee mmoja wa baraza, aliyeketi kando ya Hakimu, akacheka chini chini, akaniambia, "Binti, mdomo unao. Nusu yako unayo?"

Nikajibu kwamba nitaitafuta, ila kwanza nijue nalipia nini.

Hakimu akamgeukia kamishna, naye akasema shamba ni kubwa na lina kahawa nyingi.

"Kahawa hukuipanda wewe," Hakimu akamwambia. "Nitajie kazi yako."

Akataja nauli ya basi hadi Makanya, chini ya mlima, siku za kupanda na kushuka, siku ya kupima kwa kamba, na siku ya kuandika. Hakimu akakadiria kwa hizo tu. Kila upande utoe nusu, karani azishike hadi taarifa isomwe mbele yetu sote. Tena kamishna asile kwangu wala kwa shemeji. Ada ikashuka sana. Hata hivyo, nusu yangu niliipata kwa kuuza maharage niliyoyaweka ya mbegu.

Taarifa ilinipa shamba, isipokuwa kipande cha chini ya mfereji. Hicho kilikuwa cha Nathanaeli. Kiliniuma, nikakiachia, kwa sababu kipimo kile nilikilipia mwenyewe.

Basi, mwanangu, ukifika kwenye shauri, mtu wa kati alipwe na pande zote, kwa kazi aliyoifanya, si kwa ukubwa wa mnachogombea. Usikubali kulipiwa, hata na anayekupenda. Na kipimo kikikukata, nyamaza, upokee. Mungu akupe miguu ya kusimama palipo na watu wengi, akupe na usingizi mwema baada ya hukumu.

Jioni hii tumekula makande, na wajukuu wamegombania ukoko.