Sahani ya Ijumaa

Wiki iliyopita mjukuu wangu alitumwa kupeleka maandazi kwa jirani, akayala njiani, akarudi kusema mbwa kamnyang'anya. Watu wazima sebuleni walicheka mpaka machozi. Mdogo wangu akasema, "Mwacheni bwana, mtoto huyo, hajui." Mimi sikucheka. Niliinuka nikaenda kukaa uani peke yangu, na wakaanza kuulizana bibi kapatwa na nini leo.

Silipendi neno hilo, kwamba mtoto hajui. Mtoto anajua. Mimi nilijua nikiwa na miaka tisa, tena nilijua kuliko wenzangu, kwa sababu kwenye chuo cha Kurani nilikuwa wa kwanza na mwalimu alikuwa akinisimamisha mbele niwasomee wengine.

Tulikaa Ujiji, mtaa wa Buzebazeba, miaka ile ambayo watu wa Burundi walikuwa wakiingia kila siku, wengine kwa mitumbwi, wengine kwa miguu kupitia vijijini. Wengi walipelekwa kambini. Wachache walibaki mjini, wakapanga vyumba vya uani na kulima vibarua. Mmoja wao alikuwa mama aliyekaa nyumba ya tano kutoka kwetu, nyuma ya msikiti, pamoja na binti yake wa rika langu. Mume hakuwepo, na sisi hatukuuliza.

Alijuana na mama yangu bombani. Mama alikuwa na mimba ya mdogo wangu huyu huyu anayecheka leo, miezi ya mwisho, akaanguka kwenye foleni ya maji. Wanawake wengine walipiga kelele. Yeye aliweka ndoo chini, akaiacha zamu yake, akamleta mama mpaka nyumbani amemshika kiuno. Mtoto alipozaliwa alikuja siku saba mfululizo kutufulia nepi, na hakukubali kupewa chochote. Mama akasema mtu wa namna hiyo haachwi hivi hivi. Alipopata nguvu akaanza kumpelekea sahani ya wali kila Ijumaa jioni, na kipande cha mgebuka juu yake, maana baba alikuwa akinunua samaki mwaloni na hatukuwakosa. Mpelekaji nilikuwa mimi.

Kwetu sahani ya jirani hairudishwi tupu. Kama huna kitu utaweka hata limau, hata kipande cha muhogo mbichi, lakini utaweka. Kwao Burundi pia ni hivyo. Ijumaa ya kwanza yule mama aliuhamisha wali wetu, akaiosha sahani, akaijaza sombe, yale majani ya muhogo yaliyotwangwa yakapikwa kwa mawese mpaka yakang'aa. Akafunika kwa jani la mgomba.

"Mwambie mama asiwe na wasiwasi," alisema. "Najua ninyi Waislamu hamli nyama iliyochinjwa na yeyote tu. Hapo ni majani na mawese, basi."

Njiani kulikuwa na nyumba isiyomalizika. Nilikaa juu ya matofali, nikafunua kidogo. Nikachota kwa kidole pembeni, nikasawazisha. Nikachota upande mwingine, nikasawazisha tena. Baada ya muda kilichobaki kilikuwa kidogo mno kumpelekea mtu mzima, nikaona ni aibu kukipeleka, afadhali nikimalize. Nakumbuka kabisa nilivyojiona nina busara. Niliipangusa sahani kwa lile jani, nikaisuuza bombani, nikaenda nyumbani.

Mama aliipokea, akatazama ndani. Ndiyo ilikuwa tabia yake, kutazama ndani ya sahani kwanza, kisha kumtazama aliyeileta.

"Wanasemaje?"

"Wanasema ahsante."

"Haya," alisema, akaiweka kwenye kichanja.

Ijumaa ya pili yule mama alinipokea kwa furaha. "Mwana wanje, mama aliipenda sombe?"

"Aliipenda sana," nikasema. "Anasema hajapata kula sombe tamu vile."

Aliweka mkono kifuani akacheka, akasema "urakoze", ahsante ya kwao, mara mbili, kama kwamba mimi ndiye niliyempa kitu. Siku hiyo alipakua ndizi zilizopikwa na maharage. Nilizila pale pale kwenye matofali, safari hii bila kusawazisha chochote.

Mtu anaweza kuuliza, hao wanawake wawili hawakuambiana? Hawakuambiana, na mimi nililitegemea hilo. Mama alikuwa na kichanga, hatoki. Yule mama alikwenda shamba alfajiri, akarudi jua limelala. Na hata walipokutana mlangoni mara moja moja, walisalimiana tu. Kwetu chakula ulichompa mtu hukitaji. Ukikitaja umemsimanga. Mama hakuweza kuuliza mbona hurudishi kitu, na yule mama hakuweza kuuliza mbona hata hunishukuru kwa mdomo wako. Heshima ya wote wawili ndiyo iliyonificha.

Miezi hiyo hiyo chuoni tulikuwa tunafundishwa juu ya amana. Mwalimu alisema mtu akikupa kitu umfikishie mwenzake, kitu hicho si chako, hata kikiwa tende moja. Akaniita niwaeleze wadogo. Niliwaeleza vizuri, kwa sauti, na kwa mfano wa tende. Ilikuwa Alhamisi. Kesho yake nilikula mihogo ya kuchemsha na dagaa.

Nisingekuwa na zaidi ya hayo ningeweza kusema ni ulafi, utoto umepita. Lakini kuna Ijumaa moja nilifika nikakuta moto umezimika mapema na sufuria iko chini, kavu. Yule mama alikuna mabaki ya maharage yaliyokuwamo, akayapanga katikati ya sahani yetu ili yaonekane mengi, akanikabidhi. Binti yake alikuwa amekaa kizingitini. Aliifuata ile sahani kwa macho kutoka mkononi mwa mama yake hadi mkononi mwangu, na kutoka mkononi mwangu hadi nje. Nilimwona. Nilijua maana yake. Nikaenda kwenye matofali nikala maharage yale, na yalikuwa baridi, na sikuwa hata na njaa.

Nyumbani sahani ilianza kupungua. Kwanza mgebuka ulitoweka juu ya wali. Kisha wali ukawa ugali. Siku moja shangazi alikuja, mama akamwambia, wakati mimi nachambua mchele miguuni pao, "Nilidhani ni mtu wa maana. Kumbe hata sahani hajui kuirudisha. Tupu, kila mara tupu, wala hasemi hata nimekosa." Shangazi akasema, "Wakimbizi hao, wifi, wamezoea kupewa tu." Nilisikia kichwa kinapata moto. Nilikuwa na nafasi ya kusema, hapo hapo, na mchele mkononi. Nilihofia fimbo. Nikaendelea kuchambua, tena kwa makini, na shangazi akanisifu. Ijumaa iliyofuata sikutumwa kokote.

Kisha ikatoka amri kwamba wageni wote waliopanga mjini wapelekwe kambini. Mjumbe wetu wa nyumba kumi alipita nyumba kwa nyumba na karatasi yake. Alikuwa mzee mpole, hakupenda kazi ile. Aliyepata mwenyeji wa kumsemea aliwekwa kando kwanza, asubiri. Asiye na wa kumsemea aliandikwa. Alisimama mlangoni kwetu mchana, mama ana mtoto begani.

"Yule mwanamke wa nyuma ya msikiti, unamfahamu?"

Mimi nilikuwa nyuma ya pazia la chumba. Nilimwona mama akiitazama ile karatasi. Ninaamini alikuwa anakumbuka ile foleni ya maji. Kisha akamhamisha mtoto bega la pili.

"Namwona tu," akasema.

Mjumbe akaandika, akashukuru, akaenda nyumba ya pili. Maneno yote yalikuwa mdomoni mwangu. Nilihitaji hatua tatu tu kutoka nyuma ya pazia, na sikuzipiga.

Siku ya tatu asubuhi yule mama alikuja mwenyewe, amejifunga khanga ya kutokea, binti yake nyuma yake amebeba kifurushi. Mkononi alishika sahani ya bati yenye ukingo wa buluu. Sahani yao, si yetu. Ilifunikwa kwa jani la mgomba.

"Dada, leo tunaondoka," alisema. "Siwezi kuondoka bila kukuaga. Mtoto wako aliniambia unavyoipenda sombe yangu, na zile ndizi, na maharage. Nilifurahi sana, maana huku ugenini sina kingine cha kukupa. Nikaona nikuletee ya mwisho."

Mama hakunitazama. Namshukuru na namlaumu kwa hilo mpaka leo. Aliipokea sahani kwa mikono miwili, akaifunua, akatazama ndani kwa muda mrefu.

"Ndiyo," akasema. "Naipenda sana. Ahsante, dada yangu. Ahsante kwa zote."

Binti yake ndiye aliyenitazama. Hakuwa na hasira. Alikuwa anaangalia mdomo wangu.

Walipotoka tu, mama alinitupia mtoto, akakimbia kwa mjumbe bila viatu, yeye ambaye hakuwa akitoka bila kujitanda vizuri. Alirudi anatembea polepole. Karatasi ilishapelekwa. Aliwasha jiko, akapika wali, akakaanga mgebuka mzima, akaujaza kwenye ile sahani ya bati, akanipa.

"Peleka."

Nilikwenda mbio. Nilipita kwenye matofali yale na sikuyatazama. Nyuma ya msikiti nilikuta mlango umefungwa kwa kufuli, na mwenye nyumba anafagia uani. Akasema gari limeondoka, hata robo saa haijapita. Nikarudi na sahani imejaa, nimeishika kwa mikono miwili, mvuke unanipiga usoni.

Nilikaa kusubiri fimbo. Siku hiyo haikuja, wala kesho yake. Nilitamani ije. Nilifanya makosa madogo kwa makusudi, nikamwaga maji, nikachelewa chuo, ili nipigwe kwa hayo nipate nafuu. Mama alipangusa maji, akaendelea na kazi zake. Wali ule hakuna aliyeula. Ile sahani ya bati ilikaa kichanjani peke yake, na hatukuitumia tena, kwa sababu si yetu na hatukujua pa kuirudisha. Sasa iko kwangu.

Tangu hapo mama hakutazama tena ndani ya sahani mbele ya mtoto aliyeileta. Aliipokea imefunikwa, akageuza uso pembeni, akasema ahsante, akaenda kuiweka. Miaka mingi nilidhani anafanya hivyo ili asinitie aibu mimi. Nilikuwa mtu mzima, nina watoto wangu, siku niliyomwuliza. Alikuwa kitandani, mgonjwa. Akasema, "Wewe ulikula chakula tu, mwanangu. Mimi niliulizwa kama namfahamu."

Akageukia ukutani. Lakini lile jibu la "namwona tu" nililiweka mimi mdomoni mwake, Ijumaa moja moja.