Jumamosi ya Baba Winny

Walter Owiti hakuwa mtu wa kukaa mahali pamoja. Tangu ujana wake alitengeneza injini za boti pale Asembo Bay, kando ya ziwa, na injini ikizimika kisiwani leo, kesho ungemkuta huko na mkoba wake wa spana. Safari hizo ndizo zilizomchosha mkewe, Dorca. Alivumilia miaka minne, kisha akafunga virago, akambeba binti yao Winny na kwenda kupanga chumba mjini, mtaa wa Mamboleo, akafungua kibanda cha ushonaji. Winny alikuwa na miaka mitatu.

Miaka mitatu mingine ikapita Walter hajamtia mwanawe machoni. Kila akipiga simu, aliambiwa mtoto amelala. Mwishowe akaenda mahakamani. Hakimu akaamua Winny abaki na mama, na baba apewe Jumamosi moja kila wiki mbili, saa tatu asubuhi hadi saa kumi na moja jioni. Mtoto angekabidhiwa kwenye geti la kanisa la Dorca. Walter alishukuru, ila hakujua kabisa mtu hukaaje na mtoto siku nzima.

Jumamosi ya kwanza alifika saa mbili kasorobo. Akatembea mpaka barabarani, akarudi, akatazama simu, akaenda tena. Saa tatu kamili Dorca akatokea amemshika Winny mkono. Mtoto alivaa gauni jeupe, kazi ya mikono ya mama yake.

"Saa kumi na moja, Baba Winny. Si na dakika tano."

"Nimesikia, Mama Winny."

Winny hakulia. Afadhali angelia. Alimtazama baba yake kama mtu anavyomtazama daktari mgeni, akampa vidole viwili tu avishike.

Walter akaanza kukimbizana na siku. Walikunywa soda, wakaondoka kabla chupa hazijaisha. Walipanda bembea, wakapita sokoni kununua viatu, wakaenda ufuo wa Dunga kutazama viboko majini, na hata viboko hawakuwasubiri watokee. Alizungumza bila kupumua. Kufikia saa saba Winny alikuwa anaburuta miguu.

"Tunaenda wapi?" mtoto aliuliza.

"Wewe unataka kwenda wapi?"

"Kukaa."

Wakakaa juu ya boti lililopinduliwa ufuoni. Karibu yao mvuvi mmoja alivuta kamba ya injini iliyokataa kuwaka, akavuta tena, akatukana. Mikono ya Walter ikaanza kumwasha. Aliificha mapajani.

"Unajua kuitengeneza?" Winny aliuliza.

"Najua."

"Sasa kwa nini humsaidii?"

Walifungua injini ile pamoja. Walter alimwonyesha plagi za kuwashia moto, zimejaa masizi, na Winny akazisugua kwa kitambaa, ulimi nje. Aliuliza hili na lile, na Walter akajibu polepole, bila kutazama saa. Injini iliponguruma, mtoto alicheka mpaka akakaa chini. Hapo ndipo Walter alipotazama simu. Saa kumi na moja kasoro dakika kumi, na gauni jeupe limekuwa jeusi kifuani.

Walifika getini kwa bodaboda saa kumi na moja na robo. Dorca alitazama saa. Alilitazama gauni, akamchukua mtoto, akaondoka.

Jumatatu Dorca alipeleka malalamiko, na Walter akaitwa na Bwana Wakoli, afisa wa watoto: aje Alhamisi. Siku hizo hakufanya kazi ya maana. Alifungua injini, akasahau skrubu ametia wapi. Je, kama wakimnyang'anya hata hizo Jumamosi?

Alhamisi, ofisini kwa Wakoli, Dorca alikuja na Winny, na gauni ndani ya mfuko. Wakoli alilitazama, kisha akamgeukia Winny.

"Ilikuwaje?"

"Plagi ikiwa chafu unaisugua," Winny alisema. "Nilisugua mbili. Ikawaka."

Wakoli akaweka kalamu chini. "Mama, si nguo hii. Unaogopa nini hasa?"

Dorca alilikunja gauni. "Mtoto atamzoea. Halafu huyu ataenda visiwani, na mimi ndiye nitabaki nikijibu maswali."

Walter alisogeza kiti karibu na meza. "Andika, mzee," akasema. "Nikikosa Jumamosi hata moja, asinipe mtoto tena."

"Hiyo siandiki," Wakoli alijibu. "Wewe njoo tu. Na uchunge saa."

Ijumaa kabla ya zamu yake iliyofuata, mwenye boti mmoja alimpigia kutoka kisiwani: injini imekufa, aje upesi. Walter alikataa, mara ya kwanza maishani, kisha akashinda jioni nzima akizunguka nyumba.

Asubuhi alikuwa getini akitembea huku na huko. Dorca alimleta Winny amevaa suruali iliyopauka na fulana kuukuu.

"Hizo hata zikichafuka, sawa," alisema, akageuka kurudi kwa cherehani yake.

Winny alimpa baba mkono mzima. Simu ililia mfukoni. Ni yule mwenye boti tena. Walter aliiacha ilie, wakavuka barabara.